Mkono wa Mzee Ndalahwa

Kija alikuwa mtu mpole, mpaka siku fundi Osward alipomsafishia gemu yake.

Alimpelekea ile gemu ya mkononi kibandani kwake, jirani na stendi ya Nyegezi, abadilishe tundu la kuchajia, basi. Osward akabadilisha. Halafu, kwa mazoea yake ya kutomrudishia mteja kitu kichafu, akafuta kioo, akapuliza vumbi, akafuta na kadi ya kumbukumbu yote. Wema gani huo, ambao mtu hakuuomba?

Kija akaiwasha. Maandishi yalikuwa yale ya kiwandani, membamba, yasiyo na mwenyewe.

"Fonti yangu iko wapi?"

"Ile iliyopindapinda? Nilidhani ni hitilafu, dada. Nimekurudishia ya kawaida. Na hiyo sikuchaji hela."

Hakuchaji! Damu ilimpanda Kija kichwani. Ule ulikuwa mkono wa baba yake, mzee Ndalahwa, aliyeandika mabango ya maduka ya Nyakato kwa brashi, bila rula. Kabla hajafa alimchorea bintiye herufi zote kubwa kwenye karatasi. Kija, karani wa ghala, akaazima kompyuta, akajifunza kwa kukosea, akazigeuza kuwa fonti na kuipachika kwenye gemu, ambayo iligoma kuwaka mara kadhaa kabla haijakubali. Tangu mazishi, kila alipoiwasha, ni baba aliyemwandikia KARIBU. Karatasi ziliharibiwa na mvua, kompyuta ile ya kuazima mwenye nayo alishaiuza. Kadi ile ndiyo iliyokuwa imebaki.

"Nani alikutuma?" alifoka, abiria wakageuka. "Nimekuletea tundu, wewe ukapekua mpaka ndani! Kuuliza kunauma?"

"Nisamehe, dada. Sikujua."

Kija akatoka nje asije akamrushia gemu usoni. Hapo ndipo alipoinua macho. Juu ya mlango, kwa rangi ya bluu iliyoanza kubabuka: OSWARD FUNDI SIMU NA GEMU. Ile S yenye tumbo. Ile R iliyotupa mguu.

"Nani alikuandikia bango hili?"

"Mzee mmoja wa Nyakato. Marehemu sasa."

Osward akasikia alichokisema, akatoka nje naye akalitazama bango.

Kija alipiga picha herufi moja moja.

"K haimo," alisema.

"Usagara kuna bucha," Osward alijibu polepole. "Bango lake ni la mzee yuleyule, na K imo."

"Funga kibanda. Beba ngazi."

"Na wateja wangu?"

"Watasubiri. Tukitoka Usagara tunakwenda Nyakato, duka kwa duka, mpaka baba yangu atimie."