Supu ya Mtaliani na Deni la Zamu

Mzee Kampala alisema sitaweza. Kisumu alisema sitaweza, akacheka mpaka akashika ubavu. Nairobi alimaliza kutafuna kwanza, kisha akanielekezea kijiko. "Mombasa, chagua moja: diploma au sufuria. Vyote viwili ni vya watu wenye wake."

Nawaita kwa miji yao kwa sababu hivyo ndivyo tulivyoitana. Tulikuwa wanaume wanne katika nyumba ya kupanga Hounslow, London, karibu na uwanja wa ndege, na kila ndege ikipita juu ya paa mtu alinyamaza katikati ya sentensi, akangoja, akaendelea. Mzee Kampala alikuwa Mhindu aliyekuwa na duka la vitambaa kwao, na alifika na sanduku moja mwaka ule Waasia walipofukuzwa Uganda. Kisumu alikuwa Singasinga, fundi wa injini. Nairobi alikuwa Mgoa, karani mpiga taipu mwenye mdomo mkali kuliko mashine yake. Mimi ni Mwislamu wa Mombasa, asili yetu Kachi, kule India. Kila mmoja alikuwa na lugha ya mama yake, kwa hiyo jikoni tulizungumza Kiswahili. Jirani yetu Mwingereza alidhani ni Kihindi. Sikumsahihisha.

Nyumba ilikuwa kwa jina la Mzee Kampala, na sheria ilikuwa yake: sufuria moja, na kila aliyemo ndani ale. Yeye hakula nyama, samaki, yai, kitunguu wala kitunguu saumu, basi na sisi tukaviacha tukiwa mle ndani. Kila jioni ilikuwa zamu ya mmoja kupika. Asiyepika alikuwa nje ya sufuria, na aliyekuwa nje ya sufuria alitakiwa kutafuta kwingine pa kulala.

Mimi nilikuwa nasoma chuo cha ufundi jioni, mitambo ya baridi: friji, vyumba vya kugandishia, mashine za barafu. Zamu zangu ziliangukia siku za masomo. Nikaanza kukopa. "Kisumu, nipikie leo, nitakulipa." "Nairobi, nishikie zamu yangu ya kesho." Mwanzoni walikubali kwa moyo mweupe, kwa sababu walipenda kuwaambia watu kwamba nyumba yetu ina msomi. Majira ya baridi yalipoingia nilikuwa na deni la zamu kwa kila mmoja wao, na kwa Mzee Kampala zaidi ya wote.

Na kupika sikujua. Nyumbani kwetu Mombasa mwanamume aliyeonekana jikoni aliulizwa amepoteza nini.

Jioni moja Mzee Kampala aliniweka kitako. Hakupandisha sauti, mzee yule hakuwa mtu wa kelele. "Mwanangu, watu hawa wanatoka kazini wamechoka kama wewe. Majani yakianza kuota miti hiyo ya barabarani, uwe umelipa zamu zote. La sivyo chumba chako nitampa mtu anayepika."

Sasa mtu asiyejua London ya wakati ule anaweza kusema, si uhame tu. Uhamie wapi? Chumba kilichokuwa kitupu kwenye simu kilikuwa kimechukuliwa nilipofika mlangoni na sura yangu. Nyumba ile ilikuwa mwendo wa miguu kutoka kazini na kituo kimoja cha basi kutoka chuoni. Bila chumba kile hakuna chuo, na bila chuo ningerudi kwetu mikono mitupu, kama mjomba wangu alivyowatangazia watu msikitini siku niliyoondoka. Nilimwambia Mzee Kampala, "Nitalipa zote, na darasa sitakosa hata moja."

"Kwa chapati zipi?" Kisumu akauliza kutoka chumba cha pili.

Na hapo ndipo palipokuwa na kazi. Dengu unaweza kuiacha jikoni ukaenda zako. Lakini Mzee Kampala alitaka chapati imtokee moja kwa moja kutoka kwenye moto, na chapati inataka mtu asimame hapo mpaka wa mwisho ashibe. Mimi nilitoka kazini saa nane mchana na saa kumi na moja nilitakiwa niwe darasani. Nilihitaji chakula kinachojikalia peke yake kikingoja watu, kisichotaka chapati, na kisicho na kitu ambacho mmoja wetu amekatazwa. Niliwauliza kama wanakijua chakula cha namna hiyo. Wakasema hakipo duniani.

Kipo. Nilikiona kazini.

Nilikuwa naosha trei za chakula cha abiria wa ndege, kule uwanjani. Aliyekata mboga pale alikuwa Mtaliani, bonge la mtu, mwenye majivuno kunizidi hata mimi, na wa hivyo si wengi. Chakula cha ndege alikidharau; alileta chake kwenye chupa ya chai. Siku moja akafungua kifuniko mbele yangu, nikaona maharagwe.

"Nini hiyo?"

"Supu ya kwetu. Maharagwe, kabichi, karoti, seleri, nyanya. Chini unaweka mkate wa juzi, unamimina juu yake."

"Mkate wa juzi?"

"Wa leo utavurugika. Na supu yenyewe ikikaa saa mbili tatu ndiyo inakuwa supu."

Nikachungulia vizuri. Maharagwe ya madoadoa mekundu, yaleyale tuliyolishwa shuleni Jumatatu hadi Ijumaa. Na huyu alikuwa anayasifu kama dhahabu! Nikamuuliza inavyopikwa. Akanieleza huku akikata karoti: unaanza na mafuta ya nguruwe na kitunguu.

"Bila nguruwe?"

"Bila nguruwe ni maji ya kuoshea sahani."

"Na bila kitunguu?"

Akaweka kisu chini. "Bila kitunguu? Kwani nani amekufa kwenu?"

"Nitaipika bila vyote viwili," nikamwambia, "na wewe utaionja."

Akageukia karoti zake akisema maneno ya Kitaliani ambayo sikuhitaji kutafsiriwa.

Mahali pa mafuta ya nguruwe nilitaka mafuta ya zeituni. Wakati ule madukani hayakuonekana kirahisi. Yaliuzwa duka la dawa, kwenye vichupa vya kutia masikioni. Nikaomba vichupa sita. Muuzaji, mama wa makamo mwenye miwani, akaniangalia kwa huruma.

"Pole sana. Ni sikio gani?"

"Ni ya kupikia, mama."

Akaniangalia kana kwamba nimesema nakwenda kukaanga mayai kwa dawa ya kikohozi. Lakini alinifungia.

Jumatatu ya kwanza nilipika kwa makini kama nilivyofundishwa kufunga mabomba. Maharagwe nilikuwa nimeyaloweka tangu jana yake na kuyachemsha peke yake. Seleri na karoti nikazikata ndogondogo, nikazilainisha kwenye mafuta kwa moto mdogo, polepole, mpaka jiko zima likanukia utamu. Nyanya za kopo, kabichi, maharagwe na maji yake, chumvi. Nusu ya maharagwe nikayaponda ili mchuzi uwe mzito. Nikaonja. Ilikuwa nzuri. Nikafunika, nikakata mkate wa juzi nikaupanga kwenye mabakuli manne, nikaenda chuoni nikipiga mluzi.

Niliporudi nilisikia harufu tangu barabarani. Sufuria ilikuwa imejaa, imegeuka rangi ya matope, na wote watatu walikuwa wanakula mkate na chai.

"Umetupikia nini, Mombasa?" Kisumu akauliza. "Dawa ya ng'ombe?"

Nikaonja. Nikatema. "Nani ametia kitu humu?"

Ndege ikapita. Kisha Mzee Kampala akakohoa. "Nilitia mvuje kidogo. Ilikuwa haina mvuje."

"Nilitia pilipili," Kisumu akasema. "Kijiko. Vijiko viwili. Nilidhani umesahau."

Tukamgeukia Nairobi. "Siki," akasema. "Mimi nilifika wa mwisho, nikakuta imeharibika, nikajaribu kuiokoa."

Kwetu Mombasa mvuje, kwa ukali wa harufu yake, ndio wanaofungiwa watoto wachanga kufukuza mashetani, na naapa hakuna shetani ambaye angesogelea sufuria ile. Nikawaambia supu niliyoiacha haikuwa na kosa. Mzee Kampala akatikisa kichwa.

"Zamu ni watu kula, mwanangu. Leo hawakula. Haihesabiki."

"Si tulisema?" Kisumu akaongeza. "Chakula kisichotiwa masala hakijapikwa, kimechemshwa tu."

"Jumatatu ijayo," nikasema, "ni supu hiihii."

"Hiihii?"

"Hiihii. Mpaka muile."

Nairobi akapiga meza kwa furaha. "Mzee, mpe Jumatatu. Nataka kuona." Mzee Kampala akanipa, lakini akasema ikishindikana tena nisingoje majani ya miti, nianze kutafuta chumba.

Wiki nzima nilifikiri. Kuwaomba wasiguse ilikuwa kazi bure. Hakuna hata mmoja kati yetu aliyelelewa kupita karibu na sufuria bila kuitia mkono. Mimi mwenyewe, Jumatatu ile ya pili, seleri ilipoanza kulainika, mkono wangu ulikwenda wenyewe kwenye bizari. Nilijishika kwa mkono wa pili. Kweli kabisa, nilishika kifundo cha mkono wangu kama polisi anavyomshika mwizi. Nilikuwa nimekwisha kuwaambia ni supu hiihii, na neno langu lilikuwa neno.

Nikamaliza kupika, nikafunika. Kisha nikachukua kopo la duara la masala la nyumba, na vikopo vyake vidogo vyote ndani. Nikachukua mvuje wa mzee, mfuko wa pilipili wa Kisumu, chupa ya siki ya Nairobi, na hata achari ya embe. Nikavitia vyote kwenye mkoba wangu wa vitabu, nikaenda navyo darasani.

Darasa lilikuwa na kipasha joto karibu na kiti changu. Baada ya muda mwalimu, Mwingereza mrefu asiyecheka, akasimamisha somo. "Harufu hii ni ya nini?"

"Bizari, mwalimu. Na mvuje."

"Kwa nini umevileta darasani?"

"Kwa sababu nyumbani haviko salama."

Darasa zima likaangua kicheko. Mimi sikucheka. Nikaendelea kuchora mchoro wangu wa kompresa, na mchoro ule ulipata alama za juu kuliko michoro yote, msione nasema tu. Leo mitambo ya vyumba vya baridi ya wauza samaki wengi wa Mombasa imefungwa na mikono hii, na diploma yenyewe iko ukutani ofisini kwangu. Anayetaka kuiona aje.

Nilirudi nyumbani nikiwa tayari kwa vita. Kisumu alinipokea mlangoni, kilemba kimekaa upande.

"Mwizi! Masala iko wapi? Nimetafuta nyumba nzima. Nimetafuta mpaka chini ya kitanda chako!"

"Iko hapa. Na supu iko wapi?"

Nikaingia jikoni. Nairobi alikuwa ameegemea kiti, mkanda wa suruali umelegezwa. Mzee Kampala alikuwa ameinamisha sufuria, anaipangusa ndani kwa kipande cha mkate.

"Haina kitu," akasema bila kuinua macho. "Haina kitu kabisa. Mtu anakula, anangoja, anakula, anangoja, labda kitu kitakuja."

"Kilikuja?"

"Sufuria iliisha kabla hakijafika."

Nikavuta kiti, nikakaa mbele yake. "Inahesabika, mzee?"

Akamaliza kutafuna. "Inahesabika."

Basi nikalipa. Siku za darasa nilipika supu ile, na Jumamosi nikapika supu ile. Nilianza na Nairobi, aliyenichokoza mara nyingi kuliko zamu alizonidai. Kisumu alilalamika kila mara, na kila mara akaongeza bakuli. Tukapatana naye: pilipili ruksa, lakini kwenye bakuli lake, tena baada ya kijiko cha kwanza. "Bakuli ni lako, sufuria ni yangu," nikamwambia. Mzee hakuuliza tena habari ya chapati. Mtaliani nilimpelekea kikombe kazini. Alikunywa chote, akapangusa masharubu, akasema, "Hii si supu yetu."

"Nani alisema ni yenu?"

Kesho yake akaniletea chupa yake ya chai ikiwa tupu, akaiweka mbele yangu, akaenda zake. Nilimjazia.

Zamu za Kisumu ziliisha. Za Mzee Kampala zilikuwa nyingi na nilizipunguza moja moja, mpaka miti ya barabarani ikaanza kutoa vichipukizi vidogo vya kijani na nikawa nimebakiwa na moja tu. Siku hiyo hakukuwa na darasa. Niliweka meza mwenyewe, nikamimina mwenyewe, nikasimama nikiwaangalia wanavyokula. Chumba kilikuwa changu, chuo kilikuwa changu, na katika nyumba ile hapakuwa na mtu niliyeshindwa kumtazama usoni.

Mzee Kampala alipomaliza alisukuma bakuli, akaanza kuhesabu kwa vidole, akaacha.

"Zimeisha?"

"Zimeisha, mzee. Zako, za Kisumu, za Nairobi. Hakuna anayenidai hapa."

"Na kesho zamu ya nani?"

"Yangu," nikasema. "Ya kwangu mwenyewe. Na mkitaka chapati, mzipike nyinyi."