Rambirambi kwa Aliye Hai

Mwaka wa 1971 Salme alikuwa darasa la saba, na mama yake, Bi Waridi, alikuwa hatoki kitandani. Ilianza alipozaliwa Zena, mdogo wake Salme. Kwanza mama aliacha kuimba akipika, kisha akaacha kupika, mwisho hata kuoga ikawa kazi. Alilala ameelekea ukutani katika vyumba vyao viwili vya mtaani Ngara, na Salme ndiye aliyemwogesha mtoto, akapika, akawajibu majirani mlangoni. Baba yake, Munir, karani wa duka la vitambaa Mtaa wa Biashara, aliwaambia watu msikitini kwamba mkewe amekwenda Lamu kwa wazazi wake.

Mwalimu Virginia alipotaka kila mtoto aje na mama yake shuleni, Salme aliiona akilini kanga chafu, nywele zisizochanwa, na wenzake wakiibana midomo kwa kicheko. Akasema mama yake amefariki. Neno lilimtoka jepesi mno.

Jumamosi alikuwa chini bombani akijaza ndoo. Aliporudi juu alimkuta Mwalimu Virginia ameketi sebuleni, pakiti ya sukari na majani ya chai mapajani. Mbele yake alikaa mama, Zena begani. Ni mama mwenyewe aliyeamka kumfungulia mgeni mlango.

"Nimekuja kuwapa pole kwa kufiwa na mama Salme," mwalimu alikuwa akisema.

Bi Waridi alimtazama binti yake pale mlangoni. Alimtazama sana.

"Ahsante, Mwalimu," akasema. "Mimi ni dada wa marehemu. Aliugua muda mrefu."

Salme angeweza kusema kweli papo hapo. Akaenda kuinjika chai. Kutoka jikoni alimsikia mama akiuliza habari za masomo yake, na mwalimu akimsifu kwa hesabu, kisha akisema kwa huruma kwamba mtoto hamtaji mama yake kabisa, bila shaka bado inamuuma.

Mgeni alipoondoka, mama aliuliza, "Nilikufa lini?"

"Mwezi wa Rajabu."

Bi Waridi akaitikia kwa kichwa kama mtu aliyepewa habari ya kawaida, akarudi kitandani. Salme alitamani apigwe kofi.

Jioni alimweleza baba yake yote. Munir alivua kofia, akaigeuzageuza mikononi.

"Mimi nimempeleka Lamu," akasema, "wewe umempeleka kaburini."

Jumatatu aliomba ruhusa kazini akampeleka mkewe kwa daktari wa magonjwa ya akili huko Hurlingham, daktari aliyekuwa ametajiwa miezi mingi nyuma, akaona haya kwenda. Dawa zilichukua muda. Kuna siku mama aliamka na siku alizoshindwa. Zena alipoanza kutembea, Bi Waridi alikuwa amerudi jikoni, ila kimya. Salme hakurudi kumwambia mwalimu ukweli. Cheti chake cha kumaliza shule kiliandikwa kwamba amefiwa na mama, na mama mwenyewe alikisoma, akakikunja, akakiweka.

Mwaka wa 1977 Salme, sasa mpokea simu katika ofisi moja mjini, alijifungua mtoto wa kwanza. Bi Waridi alihamia kwake siku arubaini. Wageni walipokuja walimkimbilia mtoto. Yeye alikaa ukingoni mwa kitanda cha binti yake.

"Umelala, mwanangu? Umekula? Moyo wako je?"

Salme, ambaye hakuwahi kumuuliza mama hayo alipozaliwa Zena, alimjibu kila alipoulizwa, macho yake yakiwa kwenye shuka.