Neno "foji" lilivyonifikisha mlangoni kwa mhunzi wa Brussels

Wakuu, kwema humu?

Haya yamenikuta mwenyewe, chumvi sijatia.

Naishi Ganshoren, hapa Brussels, na mume wangu. Kwetu ni Uchagani, ukoo wa wahunzi. Baba alifua majembe na mapanga mpaka mkono ukamgomea. Siku hizi bandani mwake wanalala kuku.

Sasa kwetu mtoto wa kike haingii bandani chuma kikiwa motoni. Mwiko! Kaka zangu wanavukuta, mimi niko nje nasikiliza nyundo, roho inaniuma.

Juzi napita mtaa wa Koekelberg na jirani yangu, Maman Neema wa Bukavu. Naona kibao: FORGE. Nikacheka kwa sauti. Bongo kufoji ni vyeti na sahihi, hawa wanatangaza hadharani?

"Ah non, maman! Iyi ni fasi ya kutengeneza byuma," akanisahihisha, yaani mahali pa kufulia chuma.

Nikagoogle palepale. Kumbe Waingereza walilitoa neno kwa Wafaransa, nao kwenye Kilatini, maana yake karakana. Kughushi kulikuja baadaye. Sisi tukabeba hilo la wizi tu, jamani!

(Msinikosoe sana, mimi si mwalimu wa lugha.)

Mlango ulikuwa wazi. Mzee mmoja Mbelgiji anagonga chuma chekundu. Ule mlio, wakuu! Nililia barabarani bila aibu. Nilimkumbuka baba.

Mzee akaniashiria niingie. Nikabaki kizingitini. Miaka yote hii Ulaya, mwiko bado umenishika!

Nikampigia baba video call, nikamgeuzia simu asikie.

"Uko wapi, mwanangu?"

"Mlangoni kwa mhunzi, baba."

"Amekukataza kuingia?"

"Hapana. Ulinikataza wewe."

Baba akajisogeza karibu na simu.

"Ingia, mwanangu. Hata banda la kwetu ningekuruhusu, nilichelewa kukuambia."

Nikaingia. Mzee akanipa nyundo, nikapiga, Maman Neema anashangilia. Nilifurahi, siwadanganyi. Ila nililotaka ni lile banda la baba, naye akiwa pembeni ananifokea nimekosea. Hilo sitalipata tena.

Nilichojifunza: kama mzazi wako yupo, muulize kuhusu ule mwiko. Huenda alishaufuta moyoni, anangoja uulize.

Nyie kwenu mlikatazwa nini ambacho mpaka leo mnakitamani? Tiririkeni, nasoma zote.