Siku za Mlango

Liévin Kapya, fundi cherehani wa mtaa wa Kamalondo, Lubumbashi, alikuwa akinipunguzia mikono ya koti aliponiuliza kama katika nchi nilizopita niliwahi kukuta mwaka usiokwisha. Nikamwambia sijakuta, ila Waethiopia wana miezi kumi na mitatu.

“Ni mingi,” alisema. “Siye tulikuwa na kumi tu.”

“Siye” ni yeye na mdogo wake, Constance. Baba yao alikuwa mtu wa reli. Utotoni walitunga mji uitwao Shilunga, uliojificha chini ya ule mlima mweusi wa mabaki ya kiwanda cha shaba, wakaupa watu, sheria na kalenda. Kila mwezi ulikuwa na siku thelathini na moja, kwa kuwa ukurasa wa daftari lao la shule ulikuwa na mistari thelathini na mmoja. Kulikuwa na mwezi wa vumbi, mwezi wa viwavi, na wa mwisho mwezi wa kumbikumbi. Jua halikuulizwa, kumbikumbi wa Shilunga waliweza kuangukia katikati ya kiangazi.

Baada ya mwezi wa kumi zilikuja siku za mlango, ambazo hazikuwa na idadi. Mwaka mpya haukufunguka mpaka waliogombana wapatane. Mdogo hupiga hodi, mkubwa humfungulia na kumwambia, “Mwaka ni wako.”

“Ile sheria niliandika miye,” Liévin alisema. “Nilikuwa na miaka kumi na mbili. Ulifikiri mukubwa atajiandikia kazi ya kupiga hodi?”

Utotoni siku za mlango hazikuwahi kuzidi mbili. Hata walipokuwa watu wazima, Constance akiwa ameolewa Kilwa, si ile ya pwani bali ya kando ya ziwa, alikuwa akija kila mwaka kupiga hodi, na mtaa mzima ukiwacheka.

Kisha, miaka kumi na mmoja iliyopita, baba yao akafa. Mvua ilikuwa imekata barabara ya Kilwa. Constance alifika siku mbili baada ya mazishi, viatu vyake vikiwa tope tupu.

“Mulishindwa kuningoja, yaya?” alimwuliza kaka yake mbele ya waombolezaji; yaya kwao ni ndugu mkubwa.

Liévin alikuwa hajalala siku nne. Akajibu kwa sauti, “Benye kulia kweli balikuwa hapa siku ya kuzika.”

Constance akachukua mfuko wake, akarudi siku ileile.

Mwezi wa kumbikumbi ulipokwisha, Liévin akaanza kuzihesabu siku za mlango na kungoja hodi. Siku ya tisa simu yake iliita, akaona jina la Constance. Akaiacha iite mpaka ikanyamaza. Simu si hodi.

“Papa Élie,” mkewe Edith alikuwa akimwambia, akimwita kwa jina la mtoto wao, “weye na ile calendrier yenu ya batoto! Umupigie mudogo wako.”

“Mudogo njo anapigaka hodi,” alijibu; ndiye mwenye kazi hiyo.

“Basi ungoje. Utazeekea ku mulango.”

Alingoja kweli. Kila asubuhi aliongeza mstari mmoja kwenye daftari.

Mwaka jana, wakati wa kiangazi, Kiki, binti mkubwa wa Constance, alikuja Lubumbashi kuanza chuo kikuu, akapita kumsalimu mjomba. Alikuwa akinywa maji aliposema, kama mtu anayetaja saa, “Kumbe leo tarehe ishirini na tisa ya kumbikumbi.”

Liévin alisimamisha cherehani. “Ya mwaka gani? Mwaka haujafunguka.”

“Kwetu unafungukaka kila mwaka, mujomba.”

“Nani anafungua?”

“Weye!” Kiki alicheka. “Zamani nilikuwa miye njo mujomba Liévin. Nakaa ndani, mama anapiga hodi inje, namufungulia, tunakula. Sasa ni Léa.” Léa ni mdogo wake wa mwisho, mwenye miaka kumi, ambaye Liévin hakuwa amewahi kumwona.

“Toka lini?”

“Toka ule mwaka babu alikufa. Alikupigia simu kwanza, hukushika.”

Liévin aliacha sare za shule nusu nusu mezani na kupanda lori. Alifika Kilwa mchana wa siku ya kwanza ya mlango. Constance alikuwa amesimama nje ya nyumba yake mwenyewe, mkono juu, tayari kugonga. Kichwa chake kilikuwa kimejaa mvi.

“Yaya,” alisema polepole. “Utakuwa umechoka na njia.”

Ndani sauti ya mtoto ikaita, “Mama, unapiga ao haupigi? Bukari inapola!” Ugali wao ulikuwa ukipoa.

“Uniache nipige miye,” Liévin alimwambia. Akagonga.

“Ni nani?”

“Ni Liévin.”

Ndani watu wakaangua kicheko, na sauti ileile ya mtoto ikajibu, “Muongo! Liévin ni miye. Liévin hapigake hodi, anafunguaka tu!”

Constance hakucheka. Alimshika kaka yake mkono, akamsogeza kando taratibu kama unavyomsogeza mgeni asiyejua desturi za nyumba, akapiga hodi mwenyewe. Kabla hajashusha mkono, mlango ulikuwa wazi, na msichana mdogo amesimama hapo, mikono yote miwili mbele, akisema, “Mwaka ni wako.” Constance akaingia.

“Ule mutoto hakumungojesha hata kidogo,” Liévin aliniambia.