Nilivyokalishwa mbele ya kamera yangu mwenyewe Brussels

Wakuu, heshima kwenu. Hili sikusimuliwa, lilinipata mimi. Mwenye wasiwasi aje ofisini aone diploma ukutani.

Miaka ya tisini nilikuwa Brussels nasomea filamu. Sikupelekwa na mjomba wala serikali. Ada nililipa kwa kuosha vyombo kwenye mgahawa wa barabara ya Chaussée d'Ixelles. Leo nina kampuni yangu. Tuendelee.

Kazi yangu ya kumalizia chuo ilikuwa documentary kuhusu asili yetu. Babu alivuka ziwa kutoka Baraka, Kongo, akaja Kigoma. Nyumbani hakuna aliyejua zaidi ya hapo. Bila mtu wa Baraka sina filamu, na bila filamu sina diploma.

Nikampata mkimbizi wa Baraka, anaishi Molenbeek, humo humo Brussels. Nitamwita Papa Anselme, si jina lake.

Nikasimamisha taa, nikawasha kamera, nikaanza kama tulivyofundishwa: "Taja jina lako kamili, ulipozaliwa, na jina la baba yako."

Mzee akaitazama taa. Akanitazama mimi.

"Nani alikutuma?"

"Hakuna, Papa. Natafuta kwetu."

"Bon. Unatafuta kwenu, unauliza baba yangu?"

Nami nikaanza kumshuku. Nikajiambia huyu hata Baraka hajawahi kukanyaga, ndiyo maana anakwepa.

Akasimama. "Alors, weye kaa pale."

Nikatia kanda mpya kwenye kamera, nikakaa kwenye kiti chake. Mkewe akacheka jikoni: "Mutanzania amekamatwa!"

Papa akauliza jina langu, la babu, bibi alizaliwa wapi. Akarudia akianzia mwisho. Akarudia tena, akinikatiza kila ninapoanza. Taa inaniunguza, jasho linanitoka, mimi ambaye sijawahi kufeli mtihani.

"Eh! Mwanzo ulisema bibi wa Ujiji. Sasa ni Kasulu. Unaongopa."

"Siongopi! Nimechoka tu!"

Akainama karibu yangu.

"Na mie kule bureau nilichoka tu. Wakaandika naongopa."

Hapo nikaelewa, wakuu. Maswali yangu yalikuwa yaleyale aliyoulizwa alipoomba hifadhi. Walimkatalia, amekata rufaa, anasubiri jibu. Anakuja kijana na taa kali anamuuliza upya! Neno moja likitofautiana, anarudishwa.

Nikazima taa. Papa akaichukua ile kanda ya kwanza yenye uso wake, akaitia ndani ya koti.

"Sauti chukua. Sura, hapana."

Ndipo akaisimulia Baraka mpaka chai aliyotuletea mkewe ikapoa.

Kwenye filamu anayeonekana ni mimi, natoka jasho. Anayeuliza ni yeye. Nilipata distinction, na simshangai aliyenipa.

Nilichojifunza: kabla hujamwelekezea mtu kamera umuulize kwao, kaa wewe kwanza kwenye kile kiti.

Kuna aliyewahi kuulizwa kwao mpaka akajitilia shaka mwenyewe? Amwage hapa.

Na nyie wa "weka picha tuamini": yangu nitaweka. Ya Papa hamtaiona.