Kupe Ishirini wa Josho la Bondeni

Wewe unayesoma, umewahi kumtazama kupe aliyetoka kwenye dawa akiwa bado anachezesha miguu?

Aristides Karugendo anamtazama sasa hivi. Ni Alhamisi, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, na ukungu haujaondoka kwenye rweya, zile nyika za majani mafupi zinazotenganisha vibanja, yaani mashamba ya migomba, vya Nyakabingo, kijiji cha ujamaa kilicho mwendo wa saa moja na nusu kwa miguu kutoka Kamachumu. Amechuchumaa kando ya josho. Kupe yuko juu ya ukucha wake wa dole gumba, mdogo, wa rangi ya kahawia, wa aina ile inayopenda kujificha ndani ya masikio ya ng'ombe.

“Huyu alipita kwenye dawa wiki iliyopita,” anasema kwa sauti ndogo. “Angalia. Anatembea kama mtu aliyetoka kuoga.”

Karugendo ana miaka arobaini na minane, na amekuwa mtunza josho kwa miaka kumi na minne. Josho hili la bondeni lilijengwa mwaka mmoja baada ya Uhuru, kwa kujitolea, naye alibeba mawe yake kichwani. Kijiji humpa shilingi mia moja na hamsini kwa mwezi, zikipatikana, na kwa hizo huwanunulia watoto wanne sare, na nyumba chumvi na mafuta ya taa.

Leo hajui kama Jumapili itamkuta bado na kazi. Hajui hata kama itamkuta nyumbani kwake.

Tangu masika yaanze, ng'ombe thelathini na mmoja wa Nyakabingo wamekufa kwa ndigana, homa inayoletwa na kupe. Huanza na homa, tezi za chini ya masikio zinavimba, mnyama anakataa majani, pumzi inakuwa ya shida, na siku ya kumi au ya kumi na mbili mnamchimbia shimo. Na ng'ombe hapa si maziwa peke yake. Pasipo samadi migomba hukonda, na migomba ikikonda, nyumba nzima hukonda nayo.

Kwa hiyo watu wakaanza kusema. Kwamba Karugendo anauza dawa ya kijiji kwa chupa mjini Bukoba, huko Kashai. Kwamba anachojaza joshoni ni maji matupu. Neno lililotumika kwenye kikao cha kamati ni hujuma, na mtu wa hujuma hupelekwa polisi.

Ndiyo maana leo kuna majaribio. Juzi wanakijiji walilichota josho likabaki tupu, na jana wakalijaza maji mapya ya kijito, madebe mia saba na arobaini, yaliyohesabiwa na katibu wa kijiji, Josia Kagaruki. Leo asubuhi linawekwa dawa kamili, mbele ya macho ya watu. Ng'ombe wataogeshwa, kupe ishirini watang'olewa, watiwe kwenye chupa, na chupa itafunguliwa Jumamosi kwenye mkutano wa hadhara. Wakifa wote, basi dawa ni nzima na mwizi ni Karugendo.

Mwenyekiti wa kijiji, Datius Ndyamukama, anafika na pipa la dawa kwenye mkokoteni. Mhuri wa bohari ya wilaya bado uko kwenye kifuniko. Ni mtu mrefu, mpole wa maneno, anayevaa koti hata jua likiwaka.

“Ndugu Karugendo, leo hupimi wewe,” anasema.

“Sawa, Ndugu Mwenyekiti. Apime Ma Klaudia.”

Watu wanageuka. Klaudia Kemilembe ni mjane aliyezika ng'ombe wawili mwezi uliopita na kubaki na mmoja. Hakuna aliyemsema Karugendo kwa sauti kubwa kumpita yeye.

“Mimi?” anasema Klaudia. “Mimi hata chumvi sijui kupima.”

“Tunajua, waitu,” anajibu mzee mmoja nyuma. “Tulikula kwako kwenye matanga. Tulikunywa maji mpaka asubuhi.”

Kicheko kinapita na kufa upesi. Klaudia anafunga khanga vizuri kiunoni, anapokea kopo la kupimia, na kuhesabu kwa Kihaya, kopo baada ya kopo, huku Josia akiandika. Dawa inaingia majini na kuyageuza meupe kama maziwa yaliyochujwa. Karugendo anakoroga kwa mti wake mrefu, akitembea ukingoni kwenda na kurudi.

Kisha ng'ombe wanaingia. Wa kwanza anasita, anasukumwa matakoni, anaruka, na kichwa kinazama chote na kuibuka kikipiga chafya. Pembe ndefu zinapita juu ya maji kama matawi yanayoelea. Wote wanapanda upande wa pili wakivuja, na kusimama uwanjani mpaka wakauke.

Kupe wanang'olewa kwenye masikio ya ng'ombe wa Mwenyekiti mwenyewe, ili pasiwe na neno. Ishirini. Josia anawatia kwenye chupa ya glasi, anafunga mdomo kwa kitambaa chepesi, anadondosha nta ya mshumaa kwenye fundo, na kuondoka nayo kwenda kuifungia kabatini, ofisini kwake.

“Kupe wa kawaida,” Karugendo anasema akimwangalia anavyokwenda, “jua la kesho halimkuti.”

Ijumaa haendi popote. Anakaa nyuma ya nyumba, chini ya migomba, akichonga mpini wa jembe ambalo tayari lina mpini mzuri. Mkewe, Clotilda, anamenya ndizi za mchana na kumtupia jicho mara kwa mara.

Ukimuuliza habari za kupe, anaanzia mbali, kwa baba yake.

“Baba alikuwa hodari wa kuchagua dume,” anasema. “Madume sita yakizaliwa, anahasi matano. Moja analiacha, la mama mwenye maziwa mengi asiyepiga teke. Watu walimcheka, anaharibu nyama nzuri. Lakini nilipokuwa kijana wa kuoa, zizi lake zima lilikuwa na ng'ombe wapole wa maziwa, kama waliozaliwa siku moja. Hakuna ng'ombe hata mmoja aliyebadilika, unanielewa? Kila mmoja alikufa alivyozaliwa. Ila waliozaa ni wale walioachwa.”

Anapuliza vumbi la mti kwenye kisu.

“Na pasipo mtu wa kuchagua, ugonjwa unachagua. Kuna mwaka kijiji kililetewa ng'ombe wanne wa kizungu, wanene, mtu anawaonea haya. Ndigana ikawamaliza kabla ya mwaka. Wetu hawa wembamba wanaugua, lakini kuna wanaoinuka. Walio dhaifu kabisa walikwisha enzi za mababu, hawakuacha ndama.”

“Na kupe?” Clotilda anauliza bila kuinua kichwa. “Maliza basi. Nani aliwachagua kupe?”

Karugendo anazidi kuchonga. Kisu kinakwenda, kinarudi.

“Mwaka mzima anaamka usiku,” Clotilda anasema, sasa akimwangalia mumewe kabisa. “Ana chupa zake mwenyewe pale chini ya kitanda. Kupe hai, na mayai yao, mengi kama unga wa kahawa. Namwambia, Tata Buberwa, nenda kayaseme. Ananiambia kesho.”

Buberwa ni mtoto wao wa kwanza. Karugendo anainuka, anautia mpini mpya kwenye jembe, anaona hauingii, na kuuweka chini.

Jumamosi saa nne uwanja wa shule umejaa. Wanaume wako kwenye madawati yaliyotolewa darasani, wanawake kwenye majani. Kando ya Mwenyekiti ameketi bwana mifugo kutoka Muleba, kijana aitwaye Clavery, mwenye soksi ndefu na daftari jipya. Nyuma kabisa, akiegemea baiskeli yake, amesimama mgambo aliyeitwa, hakuna anayesema kwa ajili ya nani.

Josia anaiinua chupa juu ili watu waione nta. Anaikata kwa wembe. Anawamimina kupe kwenye sahani nyeupe ya bati, na kuku wa mwalimu wanasikika uwanja mzima.

Anawagusa mmoja mmoja kwa njiti ya kiberiti.

“Huyu amekufa. Amekufa. Amekufa.” Karugendo amefumba macho. “Amekufa. Huyu... huyu anakwenda.”

Klaudia anasogea mbele na kuinama juu ya sahani. Yeye ndiye aliyepima dawa, na anataka kuona kwa macho yake. Kupe mwingine anatembea mpaka ukingoni mwa sahani, anageuka, anarudi.

Josia anamaliza. Kumi na mmoja wamekufa. Tisa wako hai.

“Nilipima mimi,” Klaudia anasema taratibu. “Makopo yote. Nilipima mimi kwa mkono wangu.” Anamgeukia Karugendo. “Ta Karugendo, nimekusema vibaya sokoni na kanisani.”

“Nimesikia, Ma Klaudia. Kote kuwili.”

Watu wanacheka, na safari hii kicheko kinakaa. Mgambo anapanda baiskeli yake na kuondoka bila kuaga. Mzee mmoja anauliza kama kupe wamejifunza kunywa sumu, kama mlevi anavyoizoea pombe.

“Hapana, mzee wangu,” anajibu Clavery. “Kupe hajifunzi. Katika kupe elfu, labda mmoja alizaliwa na mwili unaoivumilia kidogo. Dawa ikiwa kali, hata huyo hufa, au hupona wachache sana. Ikiwa hafifu, wanapona wengi wa namna hiyo, nao ndio wanaozaa. Sijui kama hapa dawa ilipata kuwa hafifu, sina ushahidi. Ninachojua ni kwamba hii imekwisha kazi. Mwezi ujao wilaya italeta dawa ya aina nyingine. Pipa moja kwa kijiji.”

Makofi. Mwenyekiti anasimama, anavuta koti lake, na uso wake umetulia kwa mara ya kwanza tangu masika.

“Ndugu wananchi, mwenzetu hana kosa, na jambo hili tumelimaliza. Dawa mpya ikifika, tutafanya kama tulivyofanya mwaka sabini na nne tulipounganisha vijiji. Tuna majosho mawili, la juu kwa Ndugu Hamidi na hili la bondeni. Pipa ni moja. Tutaligawa sawa kwa sawa, nusu huku, nusu kule. Hakuna wa kuachwa. Huo ndio ujamaa.”

Wengine wameanza kupiga makofi.

Karugendo yuko huru. Angeweza kwenda nyumbani. Clotilda, aliyeketi kwenye majani, ameacha kusuka mkeka na anamtazama.

Anasimama.

“Ndugu Mwenyekiti. Pipa lile la mwaka sabini na nne lilikuwa la josho moja.”

“Tunajua, ndugu. Tuligawana kilichokuwepo.”

“Tuligawana dawa. Maji hatukuyagawa. Josho langu lilibaki na maji yale yale, na la Hamidi vile vile. Kila mmoja akaweka nusu. Miaka miwili nimeweka nusu. Kupe dhaifu nikawaua, hodari nikawaacha wazae. Baba yangu alichagua dume. Mimi nimechagua kupe.”

Hamidi, mtunza josho la juu, anatazama viatu vyake. Kalamu ya Clavery imesimama juu ya daftari.

“Na hii mpya mkiigawa,” Karugendo anaendelea, “mwaka wa tatu tutakuwa hapa tena na sahani.”

“Mbona hukusema siku ile?” Mwenyekiti anauliza. Hakuna ukali ndani yake, ila uso umepauka. “Ulikuwepo. Nakumbuka ulipiga makofi.”

“Nilipiga.”

“Uliogopa kuitwa mnyonyaji?”

“Ningependa kusema hivyo, Ta Datius.” Anatumia jina la nyumbani, si la mkutanoni. “Lakini sivyo. Mti wangu wa kupimia maji una alama, nami najua yanataka dawa kiasi gani. Nilijua nusu haitoshi. Nilijua pia kwamba dawa ikitosha josho moja, litakalofungwa ni dogo, la bondeni, na mtunzaji wake atarudi kulima.”

Mtu mmoja upande wa madawati anaguna. Klaudia, ambaye ng'ombe wake wawili wamo kwenye hesabu ya thelathini na mmoja, amekaza macho yake kwake na hayabanduki.

“Ng'ombe wa bondeni watatembea maili tatu mpaka kwa Hamidi,” Clavery anasema. “Wanaweza.”

“Wanaweza,” anasema Karugendo. “Nitawaswaga mimi mwenyewe kila Alhamisi, bila mshahara, mpaka mchoke kuniona. Na madume ya ng'ombe waliougua wakainuka, naomba yasihasiwe.”

“Sasa sema wazi, ndugu,” Mwenyekiti anamwambia. “Unataka nini?”

Karugendo anamtazama Klaudia, si Mwenyekiti.

“Kile nilichopaswa kusema siku ile, nikapiga makofi,” anasema. “Fungeni josho la kwangu.”