Mawe Yaliyokunjwa ya Uyole

Jiwe likipigwa nyundo hutoa harufu kama ya kiberiti kilichowashwa sasa hivi, kisha harufu hiyo hupotea. Juzi niliisikia nikipita kando ya nyumba inayojengwa hapa Iringa. Nikasimama na mfuko wangu wa mchicha mkononi mpaka fundi akaniuliza kama namtafuta mtu. Nilimwambia hapana, nikaendelea na safari yangu.

Mama yangu alikuwa akiponda kokoto Uyole, pembeni mwa barabara kuu, malori yakimpita na kumfunika vumbi. Mimi na mdogo wangu Atu tulishinda chini ya turubai lake kila tulipotoka shule. Kabla ya kulipiga jiwe, mama alikuwa na kawaida ya kuligeuzageuza mkononi akitafuta mistari. Jiwe lenye mistari iliyonyooka hupasuka upesi, alisema, ila lile ambalo mistari yake imejipinda na kurudi kama utumbo wa mbuzi litakumaliza nguvu bure. Hayo aliyaweka kando, sisi tukayafanya viti. Nilipomwuliza nani aliyeyakunja, alijibu kwamba kazi yake yeye ni kuyavunja, habari za kuyakunja nikamwulize Mungu.

Mama akafa, kwa homa iliyoanza kama mzaha. Siku ya mazishi wanawake walilia kwa sauti kama ilivyo desturi kwetu, na Atu alijigaragaza mpaka gauni likachanika. Mimi nilikaa mkekani nikitazama sufuria ya makande ikichemka. Nilijua mama amekufa. Nilijua pia kwamba ninatakiwa kulia, nikajaribu, lakini ndani palikuwa na ganzi tupu. Shangazi mmoja alinong'ona kwamba jina langu, Sekela, maana yake ni kufurahi, basi nisilaumiwe. Jirani yetu akasema kimya kingi kina mshindo mkuu. Hakuna aliyemsikiliza.

Matanga yalipoanuliwa, wazee wa pande zote mbili walikaa kupanga malezi yetu. Baba alikuwa mbeba mizigo sokoni, akitoka alfajiri na kurudi amechoka, na alisema angeweza kubaki na mtoto mmoja tu. Mwingine angekwenda Nyololo kwa mama mkubwa, dada yake mama. Atu alinikumbatia kiunoni tangu kikao kilipoanza. Nilitaka kusema tusitenganishwe. Maneno nilikuwa nayo yote, lakini hayakutoka, na wazee wakayatazama macho yangu makavu, wakaamua.

"Huyu moyo wake mgumu," mama mkubwa alisema. "Atazoea tu."

Kesho yake, kutoka dirishani mwa basi, nilimwona baba akimvuta Atu arudi nyuma, naye akirusha mateke. Nilimtazama mpaka basi likakata kona. Sikuhisi kitu.

Nyololo kuna baridi na ukungu. Mama mkubwa hakunitesa; nilikula, nilisoma, nilichanja kuni, na miaka ikapita hivyo hivyo. Nilipofika kidato cha tatu, katika shule ya bweni, mwalimu wa jiografia alitufundisha jinsi milima inavyotokea. Alisema vipande vya ganda la dunia husukumana, polepole kama kucha inavyoota, na mwamba uliobanwa katikati hauna pa kwenda. Wa juu, ulio baridi, hupasuka. Ule wa chini sana, kwenye joto, haupasuki; hukunjika kimya kimya, huku nchi iliyo juu yake ikiinuka kuwa mlima. Kwa kuwa alijua mawazo yetu yako jikoni, alitutolea mfano wa ugali: tonge la moto ukilibana linajikunja, kiporo kinakatika. Darasa likacheka. Mvua za zama na zama zikishaikwangua milima hiyo, akaendelea, na nchi ikipasuka na kuinuliwa tena kama ilivyotokea Mbeya, ndipo yale yaliyokunjwa chini huonekana juu.

Nikalia. Nililia mbele ya darasa zima, kwa sauti, kama walivyolia wanawake wa Uyole, na mwalimu akadhani naumwa tumbo. Nilipewa ruhusa ya kwenda bwenini. Huko nililala nimejifunika blanketi, nikimlilia mama ambaye wenzangu wote walijua alikufa zamani.

Ukubwani nimekuja kuelewa kwamba wazee wale hawakuwa wabaya. Walimhurumia yule waliyemsikia. Ila kuna jambo moja ambalo sikulifikiria hata nilipokuwa mtu mzima: kwamba katika kikao kile palikuwa na mtu mwingine aliyeutazama uso wangu mkavu, naye alikuwa mdogo kuliko wote.

Atu ana duka la vitambaa Uyole sasa. Nikienda hunipokea vizuri, hunipa kiti na soda, na tunazungumza habari za bei ya viazi mpaka muda wa basi ufike. Mwaka jana nilijikaza nikamweleza kwamba siku zile nilitaka kubaki naye, ila nilishindwa kusema. Alikuwa akikunja kitambaa. Akakiacha mezani.

"Mimi miaka yote hii, dada," alisema, "nilijua ulitaka kwenda."